Nilimwita Mama Shija Kila Siku, Sikuuliza Shija Yuko Wapi

Mimi ni mwongo. Naanza hapo ili usije ukafika katikati ya habari hii ukaanza kunitafutia udhuru. Sikudanganywa na mtu, sikulazimishwa. Nilisema uongo mdogo siku ya kwanza ya kazi, nikaulinda kwa miezi saba, na uongo huo ukamkosesha mama mmoja mtoto wake.

Jina langu silitaji, na kilima chenyewe sikitaji. Watu wa Shinyanga watakijua tu, na wakinijua na mimi, basi. Nina hasira kiasi kwamba nikijiona kwenye kioo wakati wa kunyoa nageuka upande mwingine.

Nilizaliwa mjini. Baba anauza vitenge, ukoo wake ulitoka pwani zamani. Mama ni wa Tabora. Nyumbani tulizungumza Kiswahili, na Kisukuma changu ni cha sokoni: mwangaluka ya salamu, wabeja ya kushukuru, bei gani, punguza kidogo. Zaidi ya hapo naokoteza neno moja moja na kubahatisha yaliyobaki.

Kuna mtu alifungua kampuni ndogo ya kutembeza wageni, akawa anatafuta mwongozaji. Kazi ilikuwa kuwapandisha kwa miguu kwenye ikulu ya kale, boma la mawe lililo juu ya kilima, ukishaipita Didia unaacha lami. Kwa Wasukuma ikulu ni makazi ya mtemi, na neno hilo walikuwa nalo kabla nchi haijapata rais. Likumbuke, maana litarudi.

Bosi akaniuliza kama Kisukuma nakijua. Nikamjibu, "Kama maji ya kunywa."

Basi nikapewa kofia na fimbo. Njia niliikariri wiki moja: lango jembamba la mawe yaliyopangwa bila udongo, ukuta unaozunguka kilima, mahali pa kuamulia kesi, jiwe lenye mikwaruzo ya kunolea mikuki, nyumba ya ngoma ambapo wageni huvua viatu, halafu makaburi ya watemi unayoyatazama kwa mbali. Unashuka kwa upande wa pili, kwenye lango la nyuma lenye minyaa, na hapo ndipo anapokaa Mama Shija.

Yeye ni mjane. Ukoo wa mumewe ndio uliokuwa ukifagia ikulu tangu enzi za watemi, na kazi hiyo ikambakia yeye. Anakaa kwenye kigoda cha miguu mitatu, ufagio wa vijiti umelala mapajani. Siku yangu ya kwanza alinyanyuka alipoona wageni, akasema sentensi moja ya Kisukuma, akagusa nyusi yake ya kushoto, akawaangalia usoni mmoja mmoja.

Wageni wakanigeukia. Anasema nini?

Mimi nilikuwa nimesikia mambo mawili tu. Mwanzoni kulikuwa na "lindila", mwishoni "ng'wana wane", yaani mwanangu. Lindila, nikajisemea, si ndiyo kulinda hiyo? Mwanamke ana ufagio, amekaa langoni, analinda. Nikavimba kifua nikawaambia: "Anasema anailinda ikulu hii kwa ajili ya watoto wake na vizazi vijavyo."

Wakapiga makofi! Mzungu mmoja alifuta machozi. Mama Shija akayaona machozi yale, akamshika mikono, akamshukuru. Nami nikafurahi kwamba siku imeisha vizuri.

Na ile nyusi? Nikawaambia ni saluti ya walinzi wa mtemi. Tangu siku hiyo kila kundi lililoshuka pale lilijigusa nyusi mbele yake, wengine wakicheka, wakipiga picha. Mama wa watu anawaangalia wageni wazima wanajigusa nyusi, anaitikia kwa kichwa kwa matumaini, anasema tena sentensi yake ileile. Na mimi nasema tena uongo wangu uleule, kila siku nikiunogesha zaidi.

Utauliza kama hakukuwa na mtu wa kunisahihisha. Majirani zake walijua vizuri anachosema. Wao ndio waliomshauri akae pale. Waliponiona kwa mbali nikiwaeleza wageni maneno marefu baada yake, wakaamini ninafikisha. Wengine walinisalimia kwa heshima njiani, na mmoja aliwahi kuniletea viazi. Nikavipokea, nikadhani ndivyo walivyo, ni wakarimu.

Mwezi wa pili kikaja kikundi cha wachimbaji wadogo kutoka Buseresere, upande wa Geita. Walikuwa na harusi mjini Shinyanga wakaamua kutembea. Mmoja wao, mtu wa Mbeya, mpole, alikuwa anaangalia kila jiwe kana kwamba analihakiki. Tulipofika kwa Mama Shija nikatafsiri kama kawaida yangu. Yule bwana akabaki nyuma.

"Kaka," akaniambia, "duarani kwetu, shimoni tunamochimba, kuna mwenzetu tunamwita Ikulu. Tunamtania hivyo kwa sababu anasema amekulia ikulu ya mawe. Tulidhani ni sifa tu. Hebu muulize mama kama anamfahamu mtu aliyeenda machimbo."

Alikuwa amesimama hatua mbili kutoka kwenye kigoda. Mama alikuwa anatutazama, mimi na yeye. Kumuuliza kulihitaji Kisukuma cha kweli, na mimi sikuwa nacho, na wenzake walikuwa wameanza kusogea, wangesikia nikigugumia. Kwa hiyo nikacheka. Nikamwambia kila Msukuma aliyeko machimbo anajidai kwao ni ikulu, na watoto wa huyu mama wote wako hapahapa kijijini.

Niliyatoa wapi hayo? Sikuwahi kumwona hata mtoto mmoja! Nilimwamkia kila asubuhi, shikamoo Mama Shija, na nikiondoka, kwaheri Mama Shija. Hata sisi wa mjini tunajua Shija ni mtoto anayezaliwa baada ya mapacha. Jina la mwanawe lilikuwa mdomoni mwangu mara mbili kila siku, na sikujiuliza huyo Shija ni nani, anakula wapi, analala wapi.

Yule bwana akasema, "Haya," akaandika jina na namba yake kwenye kitabu cha wageni kibandani kwetu, akaondoka.

Mvua za kwanza zilipoanza tukapata walimu kutoka Bukombe. Tulipofika kwenye kigoda, mama akasema yake, nami nikaanza yangu, vizazi vijavyo, urithi wetu. Mwalimu mmoja wa kike akanikatiza.

"Samahani kaka, hajasema hivyo."

Unajua nilifanya nini? Nilikasirika. Nilimuuliza mbele ya wenzake kama yeye ndiye mwongozaji au mimi. Nikamwambia Kisukuma cha Bukombe kimechanganyika na Kisumbwa, cha huku hawezi kukijua. Alipiga magoti kwenye tope, akamwamkia mama, wakaanza kuzungumza, na mama akazungumza kwa muda mrefu kuliko nilivyowahi kumsikia. Yule mwalimu akavua mtandio akaufumbata mikononi.

Aliponyanyuka hakuniangalia, aliwaambia wenzake. Kulindila ni kusubiri. Mama huyu anasema anamsubiri mwanawe Shija. Mapacha waliomtangulia walifariki wadogo, huyo ndiye aliyembakia. Aligombana na baba yake, akaenda kwenye dhahabu upande wa Geita, na hajui kwamba baba yake alishakufa na hakuna tena wa kumfukuza. Ana kovu kwenye nyusi ya kushoto, aliangukia jiwe la lango akiwa mdogo. Anawauliza wageni wote kama kuna aliyemwona. Anasema kijana huyu, yaani mimi, anamsaidia sana kuuliza.

Anamsaidia sana.

Sikumaliza ziara. Nilipanda mbio kibandani, nikafungua kitabu cha wageni, nikamtafuta yule mtu wa Mbeya. Namba ilikuwepo. Nikapiga nikiwa nimesimama, nikamuuliza kama yule mwenzao wanayemwita Ikulu ana kovu kwenye nyusi.

Nilisikia karasha, mashine yao, likisaga mawe nyuma yake. Akasema ndiyo, alikuwa nalo. Alipokuwa na nguvu hakutaka kutaja kwao zaidi ya hiyo ikulu; halafu kifua kikamsumbua, vumbi la duarani, akakonda, mwisho akawa haongei. Walitaka wamsafirishe kwao. Walichangishana hata gari wakapata. Ila kwao kwenyewe hakuna aliyepajua, wala jina lake la kuzaliwa hawakulijua. Akafariki, wakamzika kulekule. Huo ulikuwa mwezi wa tatu tangu walipokuja kutembea kwetu.

Ndipo akaniuliza, taratibu kabisa, bila ugomvi:

"Kaka, si nilikuuliza?"

Angenitukana ningeshukuru.

Sasa nenda ukamwambie mama. Nimwambie kwa lugha gani? Habari kubwa kuliko zote nilizowahi kubeba, na sikuwa na maneno ya kuitoa! Nilimwendea mwenyekiti wa kitongoji, nikamweleza kila kitu. Akachukua koti lake, tukaondoka.

Tulimkuta amekaa. Nikaanza kusema kwa Kiswahili, nikasema sana, kwamba mimi ni mtoto wa mjini, kwamba sikukusudia, kwamba neno lile linafanana na la Kiswahili, kwamba kama ningejua. Mwenyekiti alisubiri nikaishiwa. Kisha akamwambia mama maneno machache mno.

Nikamuuliza kama ameyafikisha yote.

"Nimefikisha yenye faida kwake," akasema.

Mama Shija hakupiga yowe. Alikaa akiuchomoa ufagio kijiti kimoja kimoja mpaka mapaja yakajaa. Nilitamani anilaani, nilikuwa tayari kabisa kulaaniwa. Mwishowe akauliza kitu, na mwenyekiti akanigeukia.

"Anauliza huyo mgeni alisimama wapi."

Nikamwonyesha. Akanyanyuka, akaenda akasimama palepale, akageuka kukitazama kigoda chake. Kisha akasema neno moja.

"Anasema ni karibu," mwenyekiti akatafsiri.

Yule mtu wa Mbeya alikuja mwenyewe wiki hiyohiyo kumchukua mama, akampeleka kuliona kaburi. Majirani wawili walikwenda naye. Mimi sikuambiwa niende, na nilipowapungia mkono hakuna aliyenipungia.

Na juu ya bosi pia nitakuwa mkweli. Nilipomsimulia aliguna, akasema pole, halafu akanionyesha vipeperushi vipya. Picha ya mama, mkono kwenye nyusi, na chini yake: Mlinzi wa Mwisho wa Ikulu. Akasema habari ya mlinzi wageni wameipenda, na habari ya kusubiri inahuzunisha, kwa hiyo tuendelee na ya mlinzi mama akirudi. Nilimtupia kofia yake mezani. Lakini usinisifu kwa hilo. Yale maneno kwenye karatasi ni yangu, yeye aliyachapisha tu.

Siku hizi nipo dukani kwa baba, napima vitenge. Wakija wateja wa Kisukuma namwita mtu anitafsirie, na wenye kunifahamu wanashangaa, si ulisema unakijua? Mama alirudi kutoka Buseresere, nasikia, lakini langoni hakai tena. Fimbo yangu amepewa mwingine. Sijui anawaambia nini wageni wakikiona kile kigoda kitupu.

Sijaomba msamaha kwa lugha anayoielewa. Najifunza. Nimefika kwenye kusema nimekosa, bado natafuta namna ya kusema niliyemkosea ni nani.

Wewe unayesoma, acha kunihukumu kwanza, jitazame. Kuna mama unamwita Mama Fulani, ni jirani yako, anakuuzia maandazi, anafagia ofisini kwenu. Huyo Fulani umewahi kumwona? Kamuulize leo yuko wapi, na umsikilize mpaka mwisho. Na ukiona maneno yake yamekushinda, usijitie ujuzi kama mimi, sema sijaelewa. Ni neno moja tu. Ningelisema siku ile ya wachimbaji, Shija angeletwa akiwa bado anapumua, na mama yake angemwona akiingia kwa lango lilelile lililompa kovu.