Mkono Juu ya Mkono

Fundi cherehani mmoja walimwita Bi Pindo, kwa sababu hata ukimpelekea shuka kuukuu, pindo lake lilinyooka kama la suti ya bwana harusi. Ulimi wake nao ulikata kama mkasi. Watu walimcheka na kumpenda, lakini kwa mbali kidogo.

Mama yake alikuwa mkunga, na alikuwa na jambo lake. Mvua za kwanza zikishuka na nyumbani mna mja mzito, hufungua kila fundo na kila kufuli, humfumua nywele, kisha humchutamisha kwenye udongo uliolowa apande mbegu za maharage, mkono wa mkunga ukiwa juu ya mkono wake. Ardhi imefunguka, husema, na mwili nao ufunguke. Bi Pindo alifanyiwa hayo kwa mimba yake ya kwanza. Mbegu ziliota, mtoto hakuishi. Mwanawe wa kiume alimzaa baadaye bila kupanda hata punje, na tangu hapo akisikia habari hizo husonya.

Mwana akakua, akaoa binti yatima, aliyelelewa nyumba hii na ile kama kikapu cha kuazima. Alipopata mimba alivuta kiti karibu na cherehani, akaanza mbali, akaulizia uzi, akaulizia vifungo. Mwisho akasema, "Mama, mvua zikianza, utanifanyia lile la marehemu bibi?"

Bi Pindo hakuinua macho. "Mwanangu, mtoto huja kwa kliniki na kula vizuri. Haji kwa maharage."

Mkwe akacheka naye, akarudisha kiti mahali pake.

Mvua zilipofika, Bi Pindo alimwona mkwe kupitia dirisha. Yuko uani, nywele zimefumuliwa, amechutama kwa taabu, maji yanamtiririka shingoni. Alifukia mbegu kwa mkono wa kulia, kisha akaulaza wa kushoto juu yake, akatulia hivyo. Bi Pindo akaacha kushona. Mlango ulikuwa pale pale. Lakini angetoka na kusema nini, baada ya maneno yale? Kiburi kikamkalisha. Akakanyaga pedali.

Mtoto alizaliwa salama, wa kike, mwenye sauti ya kuamsha mtaa. Hapakuwa na ugomvi, salamu zilikuja kama kawaida. Ila habari ya mimba ya pili Bi Pindo aliipata kwa msusi wa jirani. Huyo ndiye aliyeombwa afanye lile la bibi, naye akaenda, ingawa katika mambo yote yale alichojua ni kufumua nywele tu. Bi Pindo alimpongeza, kisha akashona mkono wa blauzi ndani nje.

Ilimchukua miaka kwenda kwa mkwe wake na kulitamka. "Siku ile ya mvua nilikuona."

"Najua, mama," mkwe akasema. "Cherehani ilinyamaza, nikasubiri. Halafu ikaanza tena."

Bi Pindo akavuta kiti karibu naye. "Ukijaaliwa mwingine, nitakuja mimi. Hata usiponiita."

"Tumeshafunga kizazi, mama. Wawili wanatutosha."

Alilisema kwa upole, bila kisasi, na upole huo ndio uliomchoma. Kisha akaenda jikoni, akarudi na chai yenye sukari nyingi, kama Bi Pindo anavyoipenda. Aliinywa yote, polepole, na hakuna aliyemharakisha.