Mwimbaji Anakuja

Kuna mtaa kule Alexandra, Johannesburg, ambako mpaka leo watu wazima wananiita Mwimbaji, na mimi siimbi, sijawahi kuimba ila siku moja tu, hata kanisani huwa nafungua mdomo tu ili mchungaji asinione nimenyamaza. Aibu hii nilijitafutia mwenyewe, tena nikiwa ndani ya suti ya kuazima, na ninaisimulia kwa sababu najua mmeshaisikia kwa Ilunga, na Ilunga akisimulia anajitoa kana kwamba hakuwepo. Ila niseme mapema: siku ile sikuomba radhi, na leo siombi.

Ilikuwa 2017, mimi fundi wa viyoyozi kwenye maofisi ya Braamfontein, nataka kumuoa Lindiwe. Baba yake alishafariki, aliyemlea ni mjomba wake, Malume (ndivyo wanavyomwita mjomba huku, nami nikamwita hivyo hivyo), na bila neno la Malume hakuna posa wala harusi. Sasa Malume hakuwa na haja na watu wa kuja. Kila nikienda pale kwake ananiuliza swali moja tu, "Kwenu unarudi lini?" Mpaka siku Lindiwe alipomwambia kwamba baba yangu alikuwa mwanamuziki. Malume akaweka kikombe chini.

"Muziki gani?"

"Jazz," nikasema. "Mimi nimezaliwa ndani ya jazz."

Na sikudanganya, jamani. Baba alipiga saksafoni Tabora katika bendi ya jazz, neno lenyewe lilichorwa kwenye ngoma yao kubwa kwa rangi nyekundu. Kwetu bendi ya jazz ni magita, ni saksafoni, ni mwimbaji wa kulilia mapenzi, na watu wanacheza mpaka soli zinabanduka. Ningejuaje kwamba huku neno hilo hilo ni kitu kingine kabisa?

Malume akanialika kwenye chama chao. Ni wazee wa Alexandra, Jumapili moja kila mwezi wanakutana uani kwa mmoja wao wakiwa na suti na kofia, viatu vinang'aa, kila mtu na santuri yake kwapani, wanasikiliza na kucheza kwa zamu. "Mgeni analeta santuri," akaniambia, "na aliyeileta ndiye anayefungua uwanja. Hapo nitajua wewe ni mtu wa namna gani." Nikaelewa kwamba posa yangu itapimwa kwa santuri.

Nikaenda kwa Ilunga, fundi cherehani wa Bertrams, Mkongomani wa Lubumbashi, rafiki yangu wa siku nyingi. "Jazz? Ile ni ya kwetu, mukubwa," akasema. "Minaenda na weye." Akanivalisha suti ya mteja ambaye hakuwahi kurudi kuichukua, ya kijani kama ganda la parachichi.

Santuri nikaipata kwenye duka la vitu vya zamani Braamfontein. Jaladani kuna jamaa kafumba macho, kashika saksafoni kama anayeiombea. Muuzaji akasema, "Hii ni hard bop, kaka, saksafoni ndiyo bosi. Nikupigie kidogo usikie?" Na hapa ndipo mkasa wote ulipozaliwa. Nyuma yangu walikuwepo wanafunzi wawili wa chuo wananitazama, na mtu aliyezaliwa ndani ya jazz hawezi kupigiwa santuri ya majaribio mbele za watu, kwa hiyo nikasema, "Hapana, hii naijua."

Jumapili ikafika. Uani wazee wamejipanga kwenye viti, Lindiwe na mama zake wako mlango wa jikoni, nikaitwa mbele kuitambulisha santuri yangu. "Hawa wanaitwa Hard Bop," nikasema, "ni bendi ya zamani sana." Mzee mmoja akakohoa. Nikadhani vumbi, kumbe hard bop ni jina la mtindo wa jazz, si la bendi.

Sindano ikashuka. Saksafoni na tarumbeta zikaingia pamoja, mbio, kama watu wawili wanaowahi basi moja, ngoma ikawachapa kwa nyuma, halafu tarumbeta ikanyamaza na saksafoni ikabaki peke yake, ikasema, ikasema, ikakana iliyoyasema, ikaanza upya. Mimi nimesimama katikati ya uwanja, nangoja, maana kwetu unaanza kucheza mwimbaji akishaingia. Wazee wananiangalia. Nikaona niwatoe wasiwasi.

"Subirini kidogo, mwimbaji anakuja."

Ikaja tarumbeta. Ikaja piano. Nikasema tena, kwa sauti ya mwenye mali, "Anakuja, huyu huwa anachelewa." Jasho linanitoka ndani ya parachichi. Halafu vyombo vyote vikanyamaza ikabaki ngoma peke yake, na Ilunga (Mungu amsamehe) akaamini kwamba sasa ndiyo sebene, ile sehemu ambapo bendi zao hushika kasi na watu wote huinuka, akaruka uwanjani na kuanza kupaza majina, "Malume, Malume, tajiri ya Alexandra!" Na mimi ningefanya nini, uwanja si wangu? Nikaona kama mwimbaji amekataa kuja, basi nimshikie nafasi. Nikaanza kuimba wimbo wa baba, ule wa mwanamke aliyeondoka na treni. Saksafoni iliporudi ilinikuta katikati ya ubeti wa pili, na sikuipisha.

Malume akainuka, akanyanyua sindano.

"Kijana," akasema taratibu, "kwenye santuri hii hakuna mwimbaji. Hajawahi kuwepo."

Walicheka mpaka kofia zikadondoka. Lindiwe alijifunika uso kwa aproni, na hilo ndilo lililonichoma. Halafu yule mzee wa kikohozi akasema, "Eish, watu hawa. Wamekuja, na sasa wanataka kutufundisha hata jazz."

Aibu ikageuka hasira. Ilunga ananivuta mkono kuelekea getini, lakini nikasema, "Baba yangu alipiga hiyo saksafoni kwenye bendi iliyoitwa jazz, kwa suti kama hizi zenu, na hakuomba ruhusa kwa mtu. Nimekosea santuri. Neno sijakosea. Neno ni letu pia."

Malume akairudisha sindano mwanzo.

"Basi cheza," akasema. "Bila mwimbaji."

Nikacheza. Nilicheza kiuno cha Tabora juu ya hard bop yao, peke yangu, vibaya, mpaka upande wote ukaisha, na hakuna aliyepiga makofi. Santuri nikaiacha palepale. Lindiwe hakupokea simu yangu siku kadhaa, na nilijua nimekwisha.

Somo nimelipata: sinunui tena santuri bila kuisikiliza, na nikiwa sijui nasema sijui. Lakini kucheza nitacheza.

Maana baadaye Malume alikubali kupokea wazee wangu. Siku ya posa wao walisimama getini wakibisha, mimi nimejificha garini kwenye kona kama mila ya huku inavyomtaka bwana harusi, na kutoka uani nikasikia saksafoni na tarumbeta zikiwahi basi. Ilikuwa santuri yangu. Malume mwenyewe akatoka, akaja hadi dirishani, uso umekazwa vilevile.

"Shuka," akasema. Kisha akageuka akawapazia sauti waliokuwa ndani: "Mwimbaji amekuja."

Nilishawaambia.