Milango Minane ya Fahamu

Mwaka wangu wa kwanza Modogashe, mji wa ukame kule kaskazini, nilimshuku kila mtu. Nilikuwa nimetoka bara, kwenye mvua na migomba, nikapangiwa kufundisha Kiswahili katika shule ya wasichana ya bweni nje kidogo ya mji. Nyumbani walikuwa wamesikia habari za walimu wageni kushambuliwa huko, wakaniaga kana kwamba napelekwa vitani. Mama alinikanya nisimwambie mtu yeyote ratiba yangu, na vyeti vyangu viwe mahali pa kunyakua na kukimbia. Nikamtii. Begi lenye nguo za akiba na vyeti nililiweka kando ya mlango, na muhula mzima sikulifungua.

Siku moja niliwapa kidato cha tatu insha ya kubuni. Wengi waliandika ukurasa mmoja na nusu. Msichana mmoja mkimya, binti wa mfanyabiashara wa ngamia pale mjini, aliniletea daftari zima.

Alikuwa ameunda nchi ambayo watu wake wana milango minane ya fahamu. Mitano ni hii yetu ya kawaida. Wa sita uko kwenye visigino: anayeufungua husikia maji yaliyo chini ya ardhi, lakini pua yake hufa, asinuse tena hata ubani. Wa saba uko ulimini: mtu akisema uongo mbele yako, mdomo wako hujaa ladha ya chuma. Wa nane uko kisogoni. Huo hupata baridi ukiwa karibu na mtu aliyekwisha kuamua kuondoka, hata kama hajaaga. Hakuna mtu mwenye yote minane, kwa hiyo watu wa nchi hiyo hutembea watatu watatu, kila mmoja akimwambia mwenzake kile ambacho huyo mwenzake hawezi kukihisi.

Nilisoma huku natabasamu. Kalamu nyekundu niliisahau mezani. Kisha nikafika sura ya tano, ambapo aliingia mgeni kutoka nchi ya mvua, mwanamke mwenye milango mitano tu.

“Mgeni ana begi kando ya mlango na halifungui,” aliandika. “Maziwa ananunua kwa mama mmoja, na huyaonja mara mbili kabla ya kumeza. Kila jioni tunakaa karibu naye kwa zamu, tupime visogo vyetu.”

Nililifunga daftari. Hakuna mtu niliyewahi kumkaribisha ndani ya nyumba yangu. Na ni kweli, maziwa nilikuwa nikiyaonja mara mbili.

Tangu hapo nilianza kuhesabu nani anajua nini. Nilimshuku mama wa maziwa, nikaacha kununua kwake bila kumwambia kisa. Nilimshuku mlinzi wa lango kwa sababu alinisalimia kwa jina la somo ninalofundisha. Dirisha nililiziba kwa shuka. Siku ya tatu nikampelekea daftari naibu wa mwalimu mkuu, mwenyeji wa huko, mtu wa maneno machache.

Alilisoma lote nikiwa nimesimama. “Hii ni hadithi, mwalimu.”

“Hadithi imejuaje kilicho mlangoni kwangu?”

Alilifunga daftari, akanitazama. Nikaona na yeye sasa ana shaka, ila haikuwa juu ya mtoto. Hata hivyo nilishikilia, naye akampigia simu mzazi.

Baba alikuja asubuhi iliyofuata na fimbo yake ya ngamia, akaiegemeza ukutani kwa adabu, akatusalimu. Binti alisimama karibu na kabati, mikono ndani ya hijabu. Naibu akaanza kumtafsiria baba kwa Kisomali, ukurasa baada ya ukurasa. Kwenye habari ya visigino, mzee alicheka kidogo, akaniambia kwa Kiswahili, “Hii ni ngamia, mwalimu. Ngamia nasikia maji. Mtu hapana.” Walipofika kwa mgeni, kicheko kikaisha. Akamgeukia binti yake na kumuuliza jambo kwa sauti ya chini.

“Anamuuliza kama aliingia nyumbani kwako,” naibu akaniambia.

Binti alinijibu mimi. “Sijaingia, mwalimu. Tangi ya maji iko mbele ya nyumba yako. Tukichota, wewe nafungua mlango, begi naonekana. Na maziwa wewe naonja pale langoni. Wasichana wote wameona.”

“Na kwa nini mnaliangalia begi langu?”

Baba yake akamwambia neno moja, pengine ‘sema’.

“Mwalimu wa fizikia aliweka begi hivyo,” alisema. “Wa kemia hivyo hivyo. Halafu asubuhi hakuna mtu. Mtihani imefika, hatuna mwalimu. Sasa tukiona begi, tunajua.”

Baba alinikazia macho. “Sasa wewe, mwalimu. Unaenda?”

“Siendi,” nikasema.

Nilimwona binti akisogeza ulimi taratibu ndani ya shavu, kama mtu anayeonja kitu. Nilijua anafanya nini. Alichokipata mdomoni hakuniambia, na mimi mwenyewe sikuwa na hakika kama nimesema kweli.

Mchana ule nililifungua begi, nikapanga nguo kabatini na kuondoa shuka dirishani. Nilirudi kwa mama wa maziwa, naye akanipimia bila kuuliza nilikuwa wapi. Daftari nilimrudishia binti mbele ya naibu, nikamwomba radhi. “Hakuna shida, mwalimu,” alisema, akalishika kwa mikono miwili.

Baada ya hapo insha zake zilikuwa safi kabisa. Umuhimu wa usafi, siku ya michezo, faida za miti. Nilimpa alama kumi na nane kwa ishirini na sikukuta humo sentensi moja yake mwenyewe. Mara mbili nilimuuliza hadithi ile imefika wapi. “Imeisha, mwalimu.”

Nilikaa Modogashe miaka minne. Muhula wa mwisho wa binti yule, mwalimu mpya wa hisabati aliingia chumba cha walimu na daftari nene nililolitambua, akasema msichana mmoja wa kidato cha nne amempa asome, na kwamba hajawahi kuona akili kama ile. Akaniuliza kama namfahamu.

“Nilimfundisha,” nikamjibu, nikamimina chai.