Machipukizi ya Mama Akiru

Siku yangu ya kwanza kwenye skimu ya umwagiliaji kando ya mto Turkwel, niliharibu mali ya mtu, tena kwa bidii. Nilikuwa na miaka hamsini kasoro, na nusu ya umri huo nilikuwa afisa wa ugani wa mahindi huko Ziwa, nje ya Eldoret. Nilidhani mmea wowote ukiniona utanitii. Meneja aliniagiza nisafishe kitalu cha mitende, akaenda mkutanoni. Nikakuta mtende mmoja umezungukwa na watoto wanne chini ya shina. Kwetu mgomba ukijaa watoto unawapunguza, mama apate nguvu. Nikashika panga, nikawakata wote wanne, nikawatupia mbuzi waliokuwa wakipita.

Meneja, mtu mrefu kutoka upande wa Kisumu, alirudi saa nane.

"Madam, watoto wa hii barhi wako wapi?"

"Nimepunguza, Bwana Meneja. Walikuwa wamesonga mama."

Alivua kofia. "Hao tulikuwa tumemwahidi Mama Akiru. Amewangoja miaka mitatu. Enda umwambie mwenyewe, mimi sina hiyo mdomo."

Njiani, karani wa skimu alinifundisha nilichopaswa kujua kabla ya kugusa panga. Barhi ni aina ya tende yenye asili ya Basra, Iraki. Huliwa ingali ya manjano na ngumu kama tufaha, ilhali tende nyingi ukizila hivyo zinakukwaruza ulimi. Na ukipanda kokwa yake hupati barhi. Unapata mtende wowote, pengine dume, na utangoja miaka kabla ya kujua. Barhi halisi hutoka kwa chipukizi la mama yake, na mama huchipuza akiwa kijana tu, tena machache.

Mama Akiru alikuwa mjane, shamba lake ng'ambo ya mfereji. Alikuwa ameshapanda kokwa zamani, akangoja, na mitende yote mitatu ikatoka madume. Nilimwambia ukweli nikiwa nimesimama. Hakuacha kupalilia.

"Mbuzi walikula?"

"Walikula, mama."

"Hao mbuzi walikuwa wangu. Sawa. Wamekula barhi kabla yangu."

Nililia nikirudi. Halafu nikanyamaza na kwenda kuukagua ule mtende upya, kwa sababu kulia hakuoteshi kitu. Juu kidogo kwenye shina kulikuwa na chipukizi la tano ambalo panga langu halikulifikia. La juu hivyo halina mizizi, na Meneja alisema halitashika. Nikalifunga shingoni kwa gunia lenye udongo na samadi iliyooza, nikalinywesha kila asubuhi, Jumapili kabla ya kanisa pia. Miezi ikapita, wafanyakazi wakiniita mama wa gunia.

Kabla ya mwaka kuisha ikaja barua ya uhamisho. Eldoret mjini, ofisi kuu, karibu na nyumbani kwetu mtaa wa West Indies, ambako mama yangu alikuwa ameanza kusahau majina yetu. Barua hiyo niliiomba mwenyewe.

"Enda, Madam," Meneja akasema. "Ukikataa saa hii hawatakuita tena."

"Siendi mpaka hii kitu isimame kwa shamba ya Mama Akiru."

"Una kichwa ngumu."

"Ndiyo, ninayo."

Mizizi ilitoka, myeupe, nikaigusa kwa kidole. Nilitenga chipukizi kwa tindo, tukalipanda kwa Mama Akiru, tukalikinga jua kwa mkeka. Nilikaa hadi lilipotoa jani jipya, kisha miaka kadhaa tena, hadi kole la kwanza la maua. Mtende jike hauzai bila chavua ya dume, na upepo hautoshi. Ilibidi tukate vishada vya maua ya yale madume yake matatu, aliyotaka kuyafanya kuni, na kuvifunga katikati ya maua ya jike. Akacheka siku hiyo, mara ya kwanza mimi kumwona akicheka.

Uhamisho wa pili ulichelewa sana. Niliporudi Eldoret, mama yangu aliniita sista, akidhani mimi ni nesi. Alifariki akiniita hivyo. Hilo linaniuma hadi leo, na ningeambiwa nichague tena, kubaki au kwenda, sijui ningejibu nini.

Sasa nimestaafu. Vijana wa ugani huniuliza kama tende zitazaa hapa kwetu. Nawaambia hapana, baridi na mvua vitawapa majani matupu. Nawaambia pia wasiguse mmea wasioujua kabla ya kumuuliza mwenyewe.

Mwezi uliopita Mama Akiru alinipigia simu.

"Barhi yangu ina watoto wawili. Wako tayari kutolewa. Kuja ukate."

"Mama, hapo skimu kuna maofisa vijana, wamesoma kunishinda."

"Hao hawajawahi kukosea. Mimi nataka mkono yenye inaogopa."