Sauti Aliyoingoja Gualtiero Maisha Yake Yote

Saa moja asubuhi, ukungu bado umelala juu ya misunobari ya barabara ya Via Tuscolana. Gualtiero Sbordoni, mwenye miaka themanini na mmoja, ameketi mbele ya kioo katika studio ya filamu, macho nusu yamefumba. Midomo yake inacheza. Anarudia sentensi moja kwa kunong'ona.

"Mzee, tulia kidogo, nakupaka pua," mpambaji anamwambia.

"Ipake utakavyo, binti. Leo pua haina kazi."

Sauti inayomtoka ni nyembamba, ya kukwaruza. Asiyemjua hugeuka kutafuta nani kasema.

Uso wake unajulikana Italia nzima. Jina lake, wachache. Kwa zaidi ya miaka hamsini amekuwa jambazi, mchinjaji, padri mlafi, daima nyuma ya bega la nyota wa filamu. Sokoni watu humsimamisha wampe mkono. Akishukuru tu, wanamtazama kama aliyewadanganya, maana sauti wanayoijua si hiyo.

Enzi zake filamu nyingi zilipigwa bila sauti, maneno yakaingizwa baadaye na watu wengine. Mwigizaji wa nafasi ndogo hakuhangaika kukariri. Mbele ya kamera alihesabu namba tu, kwa hasira au huzuni iliyotakiwa. Gualtiero ametongoza kwa namba, ametubu kwa namba, amekufa kwa namba. Kisha rafiki yake Elvezio, mwenye sauti nzito, akamsemea.

"Mimi nilimpenda Elvezio," anatania mkewe, Nerina, aliyemletea kahawa. "Siku huyu aliponiamkia, nikadhani kameza kifaranga."

"Na bado ukaolewa."

"Nilishanunua viatu vya harusi."

Elvezio alifariki majira ya baridi yaliyopita. Gualtiero alikuwa miongoni mwa waliobeba jeneza. "Nilijiona nalizika koo langu," anasema, na machozi hayafichi.

Ndipo mwongozaji kijana, Ludovica Tarsia, alipomtaka acheze mwokaji mikate aliyefiwa na mke, kwa sauti yake mwenyewe. Wenye fedha waliogharamia filamu walikunja uso. Walikubali kwa sharti: sauti isipofaa, ataingizwa mwingine. Gualtiero anajua nafasi nyingine kama hii haitakuja.

Taa zinawaka. Mwigizaji anayecheza binti yake ananyoosha mkono kufunga dirisha. Gualtiero anainua uso, macho yamelowa, anafungua kinywa.

"Kumi na saba, kumi na nane, kumi na tisa..."

Kicheko kinaanza nyuma ya kamera, kisha kinakatika. Katika sauti ile nyembamba, namba zile zimebeba msiba mzima, na hata mimi, mwandishi wa gazeti niliyekuja kuandika habari zake tu, nimesahau kalamu. Gualtiero amejishika kichwa.

"Nisameheni. Mdomo ni punda, unafuata njia uliyoizoea."

Ludovica anachutama kando ya kiti chake. "Namba zako nimeziamini zote, mzee wangu. Sasa nipe na maneno."

Wanaanza upya. Mkono unalifikia dirisha.

"Usifunge," anasema Gualtiero. "Mama yako bado hajarudi."

Sauti inakwama katikati, inatetemeka, inafika. Kamera inazimwa, lakini fundi wa sauti hajavua vifaa vyake masikioni. Nerina anajifuta macho kwa kitambaa cha chupa ya kahawa.

Ludovica anamgeukia mwakilishi wa wenye fedha, aliyesimama mlangoni. "Hiyo haiguswi."

Yule bwana anakohoa kwanza. "Haiguswi," anasema.

Filamu itatoka majira ya vuli. Gualtiero na Nerina wamekwisha kupanga: watakwenda kwenye sinema ya mtaani kwao, wakae safu ya nyuma.

"Miaka yote nilikwenda sinema kujitazama," anasema, akifungua taratibu vifungo vya koti la mwokaji. "Safari hii nitafumba macho."