Chungu cha Mama Nyabuto

Mimi ni fundi wa nguo hapa sokoni Marani, na katika filamu za Kikisii mimi ndiye chifu. Kila filamu lazima iwe na chifu mwenye tumbo na hasira, na hivyo vyote viwili Mungu alinipa bure. Naitwa Mogaka. Lakini habari hii si yangu. Ni ya Bathsheba Kwamboka, mama Nyabuto, mjane anayeuza ndizi, ambaye ni mwigizaji kutushinda sisi wote tuliowahi kusimama mbele ya kamera ya Ogari, mtengeneza filamu wetu.

Huko Nairobi nasikia watu wanafanya mikutano hotelini, wanalia kwamba sinema ya Kenya haina watazamaji. Waje Marani. Hapa watazamaji tunao hadi wa kugawa. Anayekosekana ni mlipaji. Ogari akitoa filamu leo, keshokutwa iko kwenye duka la muvi kule stendi, kijana anakujazia kwenye flashi pamoja na za Kinaijeria na za Kikorea, na Ogari mwenyewe hapati hata asante. Kinachomlisha Ogari ni mazishi. Mtu akifa, iwe Kenyenya, iwe Keroka, familia inataka video ya kuwatumia walio Marekani, naye anaenda na kamera yake. Hela ya marehemu ndiyo inayonunua betri ya kupigia vichekesho. Ndivyo tasnia yetu ilivyo, na anayetaka kucheka acheke.

Mama Nyabuto alianzia kanisani. Kwenye makambi ya Wasabato mwaka mmoja alicheza Yezebeli, na nasikia mchungaji alisahau kusema amina. Tangu Ogari amwone siku hiyo, hajatengeneza filamu bila yeye. Sisi wengine tulikuwa tunaandika maneno kwenye kiganja kama watoto wanaoibia mtihani. Yeye ukimsomea mara moja, yameingia, na hayatoki. Mtu akisahau maneno alikuwa anamtazama kwa huruma ya dharau na kumuuliza, "Wewe jioni unasahau pia njia ya kwenda kwako?" Mimi nimeulizwa hivyo mara nyingi, na kila mara nilikasirika, kwa sababu alisema kweli.

Sasa mwaka jana Ogari akaja na filamu ya kutisha. Kwa Kiswahili ingeitwa Chungu cha Bibi. Ilihitaji mchawi, yule tunayemwita omorogi, anayetoka usiku na chungu cha moto kuzunguka nyumba za watu. Mama Nyabuto akakubali kumcheza. Tatizo likawa boma la kupigia picha. Tulizunguka Kitutu Chache nzima. Hakuna mwenye mji aliyekubali mchawi akanyage uani kwake, hata wa kuigiza, hata kwa malipo. Mzee mmoja alitufukuza na rungu kabla hatujamaliza salamu.

"Si tupigie kwangu," Mama Nyabuto akasema. "Mimi nina nani wa kuniuliza?"

Basi tukapigia kwake. Mlango wake wa kijani, kijumba chake cha jiko, migomba yake. Chungu kilikuwa chake, kile anachopikia mboga yetu ya chinsaga. Ndani tuliweka simu, tochi ikiwaka, tukaifunika kwa karatasi nyekundu ya nailoni. Nguo nyeusi nilishona mimi. Tulipiga saa sita mchana jua likiwaka, kuku wakipita, halafu Ogari akaugeuza mchana kuwa usiku kwa kompyuta yake. Mimi nilikuwepo, lakini nilipoitazama filamu imekamilika, nywele zilinisimama. Yule mama alikuwa ameinama nyuma ya jiko lake mwenyewe, mwanga mwekundu ukimpiga kidevuni, akitaja majina ya watu kwa sauti ya chini kama anayehesabu viazi. Nilizima simu nikaenda kukaa karibu na mke wangu.

Filamu ilipendwa. Walio Marekani waliandika maneno mengi chini yake. Jamaa mmoja wa Nairobi mwenye chaneli ya mtandaoni akampigia Ogari, akataka sehemu ya pili. Tulifurahi kama wajinga.

Halafu mtu akaikata. Ni nani, hadi leo hatujui. Alichukua kile kipande cha Mama Nyabuto na chungu, akaacha jina la filamu, akaacha majina yetu, akamwacha chifu na tumbo lake. Kikabaki kipande cha mama mzee, moto, na mlango wa kijani. Sauti ya mwanamume ikaongezwa juu yake: "Huyu ni wa Marani. Mnamjua." Kikaingia kwenye magrupu ya WhatsApp, la kanisa, la chama, la wazazi wa shule, kikazunguka mpaka kikamrudia mwenyewe.

Msomaji wa mbali labda anatabasamu. Asitabasamu. Huku kwetu neno hilo likimshika mama mzee halioshwi kwa sabuni. Nyumba zimechomwa, watu wakiwa ndani, na asubuhi yake kijiji kizima hakikuona kitu. Mimi nilizaliwa hapa, najua tunavyoweza kutoona.

Kwanza ndizi zake zilikosa mnunuzi. Wanawake walisimama kwa jirani zake kulia na kushoto, kwake wakapita wakiangalia simu. Kisha Bochaberi, jirani yake wa ng'ambo ya ua, ambaye mtoto wake mchanga alikuwa akishinda kwenye mapaja ya Mama Nyabuto mama yake akienda kuchuma chai, akaanza kumfunika mtoto uso kila akipita pale. Alivuta shuka tu.

"Alinifunikia mtoto, fundi," Mama Nyabuto aliniambia. "Mimi niliyemkata kitovu."

Nikamwambia mambo haya yatapita.

Wiki iliyofuata alinipigia simu asubuhi. Sauti yake ilikuwa tulivu mno. "Fundi, njoo uone kitu." Nilienda na futi yangu ya kupimia nguo ikining'inia shingoni. Nyuma ya jiko, pale pale alipoinama kwenye filamu, mtu alikuwa ameegemeza mafungu ya majani makavu ya migomba, yamepangwa vizuri hadi karibu na paa.

"Haya si yangu," akasema.

Niliyabeba yale majani nikayatupa mtaroni, nikijua kwamba kuna macho yananiona nikiyabeba. Naibu wa chifu, wa kweli, tulipomwendea alituambia tumpe muda aangalie. Nikamuuliza ataangalia moto au majivu. Akaniambia nisimletee uchifu wa sinema ofisini.

Tukaenda Keroka kwa Ogari. Wazo langu lilikuwa jepesi: atoe picha mbichi, zile za mchana kabla ya kompyuta, watu wamwone Mama Nyabuto juani akifukuza kuku. Nani atamwogopa? Ogari alisikiliza, akakuna kichwa, akaangalia sakafu.

"Mathe, hizo hazipo," akasema. "Kadi niko nazo mbili tu. Nikimaliza filamu nafuta, naenda nayo matanga. Juu ya hizo zako nilipiga mazishi ya mzee fulani wa Nyamira."

"Yaani hakuna hata kidogo?"

"Hakuna, mzee. Kadi ni pesa."

Mama Nyabuto alicheka kidogo, kicheko kibaya. "Kwa hiyo tumezikwa pamoja, mimi na huyo mzee."

Nilimwambia Ogari basi atangaze, apite na kipaza sauti kijiji kwa kijiji akieleza ukweli. Hapo akaanza kujiumauma. Jamaa wa Nairobi alitaka mama atishe zaidi, sio apunguze. Mtazamaji akionyeshwa siri hashtuki tena, na asiposhtuka hafungui video. Alisema kwa aibu, hilo nakiri, lakini alisema. Nilitaka kumpiga kofi la chifu. Mama Nyabuto akanishika mkono.

"Maneno hayatasaidia," akasema. "Hawa walisikia maneno? Waliona. Basi waone tena. Tutaicheza upya, sokoni, mchana, siku ya soko."

"Watakupiga mawe!"

"Wanakuja kunichoma kwa sababu waliniona kwenye simu, fundi. Afadhali wanione hivi nilivyo." Kisha akamgeukia Ogari. "Na wewe, hiyo sehemu ya pili ikifa, ife. Mimi sitaki kufa nayo."

Ogari akainamisha kichwa. Akasema atakuja.

Siku ya soko tulisimama kando ya wauza mitumba. Ogari aliweka kamera kwenye miguu yake mitatu, akatangaza kwa kipaza sauti kwamba leo Marani itaona jinsi filamu inavyopikwa. Mimi nilivaa kaki yangu ya uchifu. Jasho lilinitoka kama niko karibu na tanuri. Watu walijaa upesi, kwa maana hakuna Mkisii anayepita kamera bila kusimama. Lakini walisimama mbali, duara kubwa, na Bochaberi nilimwona nyuma, mtoto kifuani, shuka juu.

Mama Nyabuto akatoka na nguo nyeusi na chungu. Chini alivaa gambuti zake za shambani. Nilifikiri gambuti peke yake zingetuokoa.

Akaanza. Ole wetu, alianza vizuri. Alipoinama tu, soko lote likanyamaza, hata yule wa kutangaza dawa ya panya alizima kipaza sauti chake. Jua lilikuwa utosini, na mimi niliona usiku. Akataja jina la kwanza kwa ile sauti ya kuhesabu viazi, na mwanamke mmoja akasema, "Yesu!" Duara likarudi nyuma. Upande wa kulia kijana wa mkokoteni aliinama akaokota jiwe la kujaa mkono. Nilikuwa na maneno ya kusema kama chifu na sikuyaona popote.

Mama Nyabuto aliinua macho. Aliliona jiwe. Nilimwona akiliona.

Kisha akasimama katikati ya jina la pili, mdomo wazi. Akamtazama Ogari.

"Ogari, mwanangu, hapa nasemaje?"

Ogari alibaki ameduwaa nyuma ya kamera. Katika miaka yote hajawahi kuulizwa swali hilo na yule mama.

"Jina la... la jirani," akagugumia.

"Jirani gani? Wa kuku au wa ng'ombe?" Akajaribu tena, akachanganya, akasema maneno ya chifu, maneno yangu mimi, kwa sauti nyembamba ya mtoto wa shule anayekariri shairi. Mtu mmoja akacheka puani. Mama Nyabuto akageuka kwa haraka ya mchawi, akakanyaga pindo la nguo niliyomshonea, akanigonga tumboni, na chungu kikainama, simu ikatoka na karatasi yake nyekundu ikaanguka vumbini.

"Wee! Chaji yangu!" akapiga kelele, akaikimbilia na gambuti zake.

Soko likapasuka. Watu walicheka hadi wakashikana mabega. "Huyu ndiye alitunyima usingizi?" mama mmoja akauliza huku akifuta machozi. "Ni kompyuta inacheza! Huyu hajui kitu!" Wengine walitoa simu wakampiga picha akipangusa vumbi kwenye kioo. Akasahau maneno mara nyingine, na nyingine, kila mara pabaya zaidi, nao wakawa wanamsomea kutoka kwenye duara kwa sababu wote walikuwa wameiona filamu bila kulipa. Yule kijana wa mkokoteni alitumia jiwe lake kuzuia gurudumu, akapanda juu ili aone vizuri.

Mimi nilicheka na wenzangu ili mtu asishuku. Lakini nilitaka kulia. Nilikuwa naona mwigizaji mkubwa kuliko wote niliowajua akijivunja mbele ya watu wake mwenyewe, kipande kwa kipande, bila kukosea hata kosa moja.

Hicho kipande cha sokoni kilienda mbali kuliko kile cha mwanzo. Jamaa wa Nairobi alikiona kabla ya saa kumi, akamwambia Ogari amtafutie mwigizaji anayejua kazi.

Jioni hiyo nilimsindikiza nyumbani. Nyuma ya jiko hapakuwa na kitu. Niliangalia mara mbili. Tulikuwa tumekaa nje Bochaberi alipotokea kwenye uwazi wa ua, akasimama, akasogea, akasimama tena.

"Mama Nyabuto, nishikie huyu niteke maji," akasema. Halafu akaongeza kwa utani, "Lakini sinema achana nayo, mama. Ukweli tuambiane, huwezi."

"Siwezi, mwanangu," akajibu. "Uzee."

Bochaberi akamweka mtoto kwenye mapaja yake. Mkono mmoja ulibaki kwenye shuka kwa muda, kisha ukaachia. Akaenda na mtungi, akigeuka nyuma mara moja tu.

Mtoto alishika kidole cha Mama Nyabuto. Yeye hakumtazama mtoto, alinitazama mimi, na macho yake yalikuwa na hofu ile ile ya alipoliona jiwe.

"Fundi, niambie kweli," akanong'ona. "Nilicheza vibaya vya kutosha?"