Siku Matarumbeta ya Harusi Yalipotembea Polepole

Mwalimu Gibson anafundisha jiografia Temeke na anaishi Chanika, nyumba ya tatu kutoka kwangu, ile isiyopakwa rangi. Jina alipewa kwa heshima ya daktari aliyemzalisha mama yake. Baba yake hakujua kwamba kuna magitaa yanayoitwa hivyo, na alipokuja kujua, mtoto alikuwa ameshaanza kupiga.

Mimi ni Mama Elibariki. Nauza unga na mafuta ya kula, na Jumapili naimba alto kwenye kwaya ya usharika wetu. Gitaa la Mwalimu sikuwahi kulipenda. Kanisani analipiga kwa adabu, lakini nyumbani kwake analifungulia sauti ya kukwaruza, utadhani mtu anakwangua sufuria la wali ulioungua. Muziki huo anauita roki, aliujulia kwenye kanda za mjomba wake huko Moshi. Nilimwambia mara nyingi, "Mwalimu, huo muziki wa watu wenye hasira, na wewe huna hasira hata ya kumfukuza kuku." Alikuwa anacheka tu.

Mwaka juzi aliacha kucheka. Mke wake, Avelina, alijifungua mtoto ambaye hakulia. Mtoto wa namna hiyo hawekewi msiba. Hakuna turubai, hakuna jeneza, kwaya haiitwi. Wanawake watu wazima wachache wanamfunga kanga na kumzika asubuhi, kimya kimya, na wanaume wanakaa mbali. Nilikuwa mmoja wa wanawake hao. Mwalimu tulimtuma jembe kwa jirani ili apate la kufanya, na aliporudi nalo begani tulikuwa tumeshamaliza kuzika kwa jembe la kwetu. Alisimama pale karibu na migomba, hajui jembe aliweke wapi. Ndivyo desturi ilivyo, sikuitunga mimi, lakini siku ile niliichukia.

Waliokuja kuwaona walisema maneno yale yale: "Msijali, mtapata mwingine." Hakuna aliyesema pole na msiba, maana msiba haukuwapo. Avelina naye hakulia. Alirudi kwenye cherehani yake kushona sare za shule, na ukimgusia habari ile anakuuliza bei ya unga. Mtaani kwetu mwanamke akizaa anaitwa kwa jina la mtoto wake. Huyu alibeba mimba mpaka mwisho kama sisi wote, akabaki kuitwa Avelina, au mke wa Mwalimu. Mle ndani walikuwa wanaongea mambo ya umeme wa luku na maji, basi. Niliona wazi kwamba wasipomlilia yule mtoto pamoja, ndoa ile itakufa bila hata kugombana.

Mwaka huu Mwalimu akaja kwenye mazoezi ya kwaya na wimbo. Aliuandika ubaoni kwa do-re-mi, sauti zote nne kama tulivyozoea, lakini bila maneno. Sisi tulitakiwa kuimba "aa" tu, tukipanda taratibu. Tulipomwuliza maneno yako wapi, akasema ataimba mwenyewe, kisha akatuonjesha mstari mmoja huku anaangalia sakafu: *Ulikuja bila sauti, ukaondoka bila wimbo.* Wenzangu wakasema mzuri, utafaa Ijumaa Kuu. Mimi nilijua ni nani aliyekuja bila sauti.

Nilimvizia mlangoni. "Avelina anaujua?"

"Hapana, Mama. Naufanyia mazoezi shuleni."

"Kwa nini umfiche?"

"Naogopa. Anaweza kuona nimemchokonoa kidonda, halafu ndo ikawa basi."

Wimbo ulirekodiwa Keko, kwa Shamsuddin. Huyu anawauzia mafundi samani sponji za makochi, kama alivyofanya baba yake na babu yake, lakini moyo wake uko kwenye chumba cha nyuma ya duka. Kuta zote amezibandika sponji za dukani, na humo ndani ana kompyuta na maspika makubwa. Kwaya tulikuwa tumesharekodi sehemu yetu, na Mwalimu gitaa na sauti yake. Ikabaki ile sauti nzito ya nyuma, ya vyombo vingi. Shamsuddin akataka aitoe kwenye kinanda cha kompyuta.

"Violini, chelo, kila kitu kimo humu, Mwalimu. Hakuna atakayejua."

"Nataka vyombo vinavyopulizwa na watu," alisema Mwalimu. "Nataka isikike pumzi."

Violini za kupulizwa hakuna, na bendi aliyoimudu ilikuwa ya matarumbeta, ile ya Leodegar inayopanda nyuma ya pikapu kusindikiza maharusi. Nilisema moyoni, haya, tumekwisha.

Siku bendi ilipokuja kurekodi nilimfuata Avelina kwenye cherehani. Sikumzungusha. "Mume wako ametunga wimbo wa yule mtoto. Leo anaumalizia Keko. Vaa twende." Nilijiandaa kuulizwa bei ya unga. Akazima cherehani, akachukua kanga yake.

Tulipoingia, Mwalimu alimwona mkewe na uso ukamshuka. Aliniangalia kama mwanafunzi aliyesemewa kwa mwalimu mkuu. Mkewe akakaa kwenye lundo la sponji, nami kando yake, na kazi ikaendelea.

Na kazi yenyewe ilikuwa kichekesho. Leodegar alivaa hedifoni asikie gitaa, wenzake wakamfuata yeye. Walianza vizuri, kwa unyenyekevu, lakini walipofika katikati mabega yakaanza kucheza, ngoma ikachangamka, na mwishoni ungeweza kumwingiza bibi harusi ukumbini. Wakarudia. Ikawa vile vile. Jamaa mmoja alimalizia kwa mbwembwe ile ya kukata keki.

"Samahani, Mwalimu," Leodegar alisema, anajifuta jasho. "Sie tumezoea harusi. Tarumbeta likishafika mdomoni, mguu unakimbia wenyewe."

Mwalimu alikaa chini, kichwa mikononi. Shamsuddin, kwa kukosa la kufanya, akafungulia kilichokwisharekodiwa ili bendi isikie upya. Hapo ndipo Avelina alipousikia wimbo wa mumewe kwa mara ya kwanza, maneno yote, na sisi nyuma tukiimba "aa". Ulipofika kwenye ule mstari, akasimama akatoka nje.

Mwalimu alifumba macho. Nilidhani nimewamaliza kwa mikono yangu mwenyewe.

Nilimfuata Avelina, nikamkuta uani, katikati ya fremu za vitanda na mbao, anawaangalia Leodegar na mpigaji mwenzake waliotoka kuvuta hewa. "Kaka," alimwita Leodegar, na sauti yake ilikuwa imara kuliko yangu. "Mnakimbia kwa sababu mmekaa. Kwetu Machame matarumbeta ya usharika yanatangulia jeneza, wapigaji wanatembea kwa miguu mpaka makaburini. Hakuna anayeweza kumkimbiza maiti. Pigeni mkitembea."

Leodegar alielewa ghafla ni kazi gani aliyoitiwa. Akavua kofia.

Shamsuddin alitoa maikrofoni nje, waya zikapita dirishani. Alisema vya zamani vyote vitupwe, Mwalimu na kwaya tutarudia upya kufuata hatua za bendi. "Hata sisi, kwenye maandamano ya maombolezo ya Muharram, hakuna anayekimbia," akaongeza, na tangu hapo sikumsikia akisema habari za kompyuta.

Wakaanza kuuzunguka ua, hatua moja, noti moja. Avelina akajipanga nyuma yao mahali pa wafiwa. Mwalimu akatoka ndani, akasita kidogo, halafu akaenda kusimama ubavuni kwa mkewe wakatembea pamoja. Nami nikafuata. Mashine ya kuranda mbao ya jirani ikazimwa. Hakuna aliyewaambia mafundi chochote, lakini walivyoona ule mwendo walisimama wote, msasa mkononi, mpaka tukapita. Raundi ya pili Avelina alianza kulia, kilio kile cha sauti, cha msibani, na mumewe akalia naye. Nililia mimi pia, kwa huzuni na kwa furaha, sijui ipi ilizidi. Kilio kile kimo kwenye wimbo mpaka leo. Shamsuddin alikataa kukitoa.

Walipomaliza, Shamsuddin aliuliza wimbo auhifadhi kwa jina gani. Mwalimu alimwangalia mkewe.

"Fredrick," Avelina alisema.

Ndilo jina walilokuwa wamelichagua. Nilimfunga yule mtoto kanga kwa mikono hii na sikuwa nalijua.

Leodegar aliweka tarumbeta juu ya fremu ya kitanda, akamwendea Avelina na kumpa mkono. "Pole na msiba, Mama Fredrick." Akampa na mumewe. "Pole, Baba Fredrick." Wapigaji wakajipanga nyuma yake, kisha Shamsuddin, kisha mafundi na vumbi lao la mbao, na wale wawili wakawapokea wote wakiwa wamesimama pamoja.

Nilikuwa wa mwisho. "Pole na msiba, Mama Fredrick."

Alinishika kwa mikono yote miwili. "Asante, Mama Elibariki," akasema. "Nimeshapoa kidogo."